Si Makombo ya Karamu

Imekuwa ada kwa wale wanaojihesabu kuwa wajuzi wa muziki, katika miji hii iliyouzunguka Mlima Kenya kama katika Nairobi na ughaibuni, kuipima kazi ya mwimbaji kwa albamu zake peke yake. Na kila kilichobaki nje ya albamu, ikiwa ni wimbo ulionaswa ukumbini watu wakipiga kelele, au wimbo wa mtu mwingine ulioimbwa upya, au kipande kilichokaa kabatini miaka thelathini bila kupata msikilizaji, wao hukiita makombo, na humwona mwenye kukikusanya na kukiuza kuwa ni mtu anayewaandalia wageni mabaki ya karamu iliyokwisha liwa. Rai hii imeota mizizi hata msanii anayetoa mkusanyo wa namna hiyo huanza kwa kuomba radhi, na mhakiki anayeuandikia husema kwa hisani kwamba utawafaa mashabiki sugu, ndiyo kusema kwamba hautamfaa mtu mwingine. Mimi naikanusha rai hii kwa jumla yake. Naikanusha hata huko ilikozaliwa, ambako walau ina kisingizio. Na hapa Nyeri, na Karatina, na Othaya, na Murang'a, na Embu, ambako wimbo haukupata kuzaliwa ndani ya albamu hata siku moja, naiona kuwa ni kipimo cha kuazima kinachopunja kila kinachopimwa nacho.

Albamu, kwa maana wanayoikusudia hao wajuzi, ni nyimbo kumi au kumi na mbili zilizotungwa katika kipindi kimoja, zikarekodiwa kwa nia moja, na zikapangwa kwa taratibu ambayo msikilizaji hatazamiwi kuivuruga. Ni umbo lililotokana na santuri ndefu, ambayo kampuni ya Columbia ya Marekani iliileta sokoni mwaka 1948, na lililopata taadhima yake katika miaka ya 1960, pale bendi za Uingereza na za Marekani zilipoanza kuuona upande mzima wa santuri kuwa ni utungo mmoja. Sina ugomvi na umbo hilo, na wala sikatai kwamba limetoa mambo ya ajabu. Lakini soko la muziki wa Kikuyu lilikuwa soko la santuri ndogo za inchi saba, zenye kuzunguka mara 45 kwa dakika, wimbo huku na wimbo kule. Na wimbo ukiwa mrefu ulikatwa mapande mawili, sehemu ya kwanza upande huu na sehemu ya pili upande wa pili, hata mtu aliyekuwa akicheza nyumbani kwake hakuwa na budi kusimama, kuinyanyua sindano na kuigeuza santuri kabla magitaa hayajaingia katika ile sehemu ya kuchangamka. Aliyeuweka mpaka pale hakuwa mtunzi, bali ni upana wa inchi saba. Kisha zikaja kaseti, na wenye maduka ya River Road, Nairobi, wakazichukua santuri zile, za miaka na za studio mbalimbali, wakazipanga katika mkanda mmoja wa saa nzima na kuuandika jina la mwimbaji na nambari ya toleo. Basi kitu cha kwanza kilichofanana na albamu katika nyumba nyingi za Tetu na Mukurweini kilikuwa ni mkusanyo, na hakuna mnunuzi aliyejiona kuwa amepunjwa.

Mtazame Joseph Kamaru, ambaye hakuna mwenye insafu atakayekataa kwamba alikuwa miongoni mwa sauti kubwa kabisa za wimbo wa Kikuyu katika karne iliyopita. Alizaliwa Kangema, katika Murang'a, mwaka 1939; akaanza kurekodi katikati ya miaka ya 1960, mara nyingi pamoja na dada yake Catherine Muthoni; akaimba habari za mapenzi, za ukwe, za nchi na wakubwa wake, na za walimu wenye kuwaharibu wanafunzi wao, wimbo uliowaudhi walimu hata chama chao kikaja juu; akafariki Oktoba 2018, ameacha nyimbo zinazohesabiwa kwa mamia na mamia. Sasa wajuzi wetu na watuonyeshe albamu zake. Watakachokipata ni santuri ndogo zilizotawanyika majumbani kutoka Thika mpaka Nanyuki, na kaseti ambazo ndani yake nyimbo zilizoachana miaka kumi zimekaa jirani kwa sababu tu mkanda ulikuwa na nafasi. Kwa kanuni yao, mtu huyu hakuacha kazi, ameacha mabaki matupu. Kanuni inapomfikisha mwenyewe kwenye hukumu kama hiyo, aibu ni ya kanuni, wala si ya Kamaru.

Mjukuu wake, aliyerithi jina lake kamili na anayejulikana ulimwenguni kwa herufi nne, KMRU, ni mtunzi wa muziki wa namna nyingine kabisa, muziki wa mitambo na wa sauti zilizonaswa mahali mahali, na makazi yake yamekuwa Berlin. Naye amejitwika kazi ya kuzikusanya rekodi za babu yake na kuzitoa upya. Mkusanyo uitwao Heavy Combination, uliotolewa na lebo ya Disciples, unachukua kutoka mwaka 1966 mpaka 2007. Huusikia ukisifiwa kwa sauti ile ile ya huruma niliyoitaja: kwamba ni kumbukumbu njema, ila si kazi. Lakini katika miaka ile arobaini Kamaru alikuwa kijana mwenye kuchokoza, kisha mzee mwenye kuonya, kisha rafiki wa wakubwa, kisha mtu aliyetazamwa na wakubwa hao kwa jicho la shaka, na mwaka 1993 akaokoka, akaziacha nyimbo za dunia na kuingia katika za dini. Niambieni ni albamu gani ingeweza kuyabeba mageuko hayo. Albamu humwonyesha mtu siku aliyojipamba kuonekana. Mkusanyo humweka mwimbaji wa baa kando ya mwimbaji wa injili, ukaliacha sikio lenyewe lihukumu kama ni watu wawili au ni mmoja, na hiyo ni kazi ya sanaa, tena si ndogo, ijapokuwa mfanyaji wake hakushika gitaa.

Hoja yao ya kwanza, wakisongwa, huwa ni hii: kwamba wimbo uliobaki nje ulibaki kwa kustahili, kwa kuwa wakati ni mchujaji mwadilifu, na kilicho nadra ni nadra kwa sababu hakikutakiwa. Yamkini ni hivyo katika nchi ambayo kitu pekee chenye kuuzuia wimbo ni ladha ya mnunuzi. Hapa kwetu wimbo uliweza kutoweka kwa sababu zisizohusiana na ladha abadan. Alipouawa J.M. Kariuki, Machi 1975, mbunge wa Nyandarua Kaskazini ambaye jina lake lilipendwa mno katika vilima hivi, Kamaru alimwimbia maombolezo, na wimbo ule ukafungiwa mlango na redio ya serikali, ambayo siku zile ndiyo iliyokuwa redio pekee nchini; ukabaki kuishi majumbani, kwa santuri iliyopigwa kwa sauti ya chini. Mwaka 1990, madai ya vyama vingi yalipopamba moto, na vibanda vya Muoroto katika Nairobi vikawa vimebomolewa, zilitoka kaseti za Kikuyu zenye kuyasimulia mambo hayo, nao polisi wakawaandama wauzaji wake na kuwakamata, na mkanda uliokuwa ukipigwa wazi katika matatu wiki moja ukawa hatari wiki iliyofuata. Nyimbo zile leo ni nadra, na unadra wake uliletwa na askari, si na msikilizaji. Kwani msikilizaji alizitaka kiasi cha kuhatarisha uhuru wake kwa ajili yake. Atakayesema kwamba zilichujwa na wakati kwa haki na aseme pia kwamba pingu ni chombo cha uhakiki.

Tena liko jambo la biashara, ambalo nalipitia upesi kwa kuwa linajulikana. Kaseti za wizi zilizokuwa zikinakiliwa barabarani zilikula soko la santuri, kampuni kubwa za kigeni zikafunga milango au kuuza kilichobaki na kwenda zao, na mikanda ya asili ya studio ikapotea. Redio ya kwanza ya kibinafsi ya lugha ya Kikuyu, Kameme, haikuanza mpaka mwaka 2000. Na kwa hiyo nyimbo za muongo mzima na zaidi zilikuwa zimekosa kiwanda cha kuzifyatua na redio ya kuzipiga kwa pamoja. Wimbo uliopita katika kipindi kile ukatoka mzima umetoka kwa bahati.

Hoja yao ya pili ni kali zaidi, nayo ni mintarafu ya kuimba nyimbo za wengine. Husemwa, na husemwa sana na watu wazima wanaowaonea fahari kina Kamaru na Daniel Kamau wa Gatanga, yule wanayemwita D.K., kwamba mugithi umeua utunzi: kwamba kijana mmoja mwenye gitaa, na kinanda cha umeme kinachompigia ngoma bila mpigaji, hukaa katika baa ya Nyeri au ya Kerugoya tangu usiku kuingia mpaka karibu na alfajiri, akiimba nyimbo ambazo nyingi kati yake hakuzitunga yeye, ilhali wanywaji wameshikana mabega mstari mmoja wakiliigiza gari la moshi ukumbini. Mike Rua hutajwa hapo, na Salim Junior hutajwa pia, yeye aliyeyapata mashabiki wake kwa kuziimba upya zilizopendwa. Na hutajwa kwa shutuma, kana kwamba wameiba kitu madukani. Na rekodi zao zikikusanywa, hukumu huwa tayari: nyimbo za watu, zilizoimbwa na mwingine, mbele ya walevi, kuna nini cha kuhifadhi?

Kuna karne nzima ya kuhifadhi. Wanaolalamika hivyo wamejisahaulisha kwamba wimbo wa Kikuyu, tangu ulipoanza kugombana na ukoloni, haukuwa na mwenyewe mmoja wala haukumtaka. Mwaka 1929, katika mgogoro wa tohara ya wanawake baina ya misheni na wafuasi wake, ulienea Muthirigu, wimbo uliovuka ukingo mmoja wa mlima hadi mwingine kwa sauti ile ile, na kila penye watu ukaongezwa ubeti wa kumkejeli mmisionari wa pale au chifu wa pale, mpaka mwanzo wa mwaka 1930 serikali ikaupiga marufuku. Kwa maneno ya leo, ni wimbo uliorudiwa na wasanii elfu bila ruhusa ya mtunzi. Katika misheni ya Wapresbiteri ya Tumutumu, si mbali na Karatina, na kwa mapadre wa Consolata hapa Nyeri, watoto walifundishwa tenzi za kanisa. Na watoto hao walipokuwa watu wazima, katika miaka ya 1940 na 1950, walizichukua sauti za tenzi zile zile wakazitia maneno ya ardhi na uhuru, hata mzungu aliyepita karibu akisikia huenda akadhani kwamba watu wako katika ibada. Maina wa Kinyatti alizikusanya nyimbo za Mau Mau na kuzichapisha mwaka 1980 katika kitabu chake, Thunder from the Mountains. Kitabu hicho ni nini, kama si mkusanyo wa vitu nadra, na sehemu yake kubwa sauti za kuazima? Sijamsikia hata mmoja wa wajuzi wetu akikiita makombo. Mwomboko nao, unaochezwa kwa kodiani na kwa chuma cha duara kinachogongwa, hatua zake nyingi zilitoka katika dansi za Wazungu, na leo ndio tunaowapeleka wazee wetu kuucheza kila panapopokewa mgeni wa heshima.

Na tuache historia, tuingie katika wimbo wenyewe. Wimbo wa Kamaru wa miaka ya mwanzo uliundwa kwa gitaa la kuongoza, na gitaa la kuitikia, na besi, na sauti mbili, kaka na dada, zikijibizana. Mwimbaji wa mugithi anapousimamia peke yake hana budi kuziingiza sauti mbili katika koo moja na kuutoa mlio wa besi kwa dole gumba. Lile jibizano, ambalo katika santuri lilikuwa baina ya mwanamume na mwanamke, sasa linakuwa baina yake na ukumbi, kwa maana watu ndio wanaomjibu, na mara nyingine wanamjibu sivyo makusudi. Hafiki mwisho wa wimbo. Kabla haujakwisha amekwisha ufungua mwingine katika ufunguo ule ule, akitoka katika wimbo wa mapenzi wa D.K. akaingia katika utenzi wa mazishi, akatoka hapo kwenda kwa Jim Reeves au Kenny Rogers, ambao huku kwetu wamekuwa wenyeji kuliko waimbaji wengi wa pwani, na akarudi. Kule kuunga ndiko kutunga kwake. Katikati yake hutia jina la mtu aliyekaa meza ya mbele, na bei ya majani ya chai ya mwezi ule, na kisa cha mwanasiasa wa kata, mambo ambayo hayamo katika santuri yoyote na ambayo kesho hayatasemwa vile tena. Mtu anayedai kwamba huyu hakuongeza neno hajamsikiliza, amesoma tu orodha ya majina ya nyimbo.

Iko hoja moja ndani ya hii ambayo ni ya haki, nami siikwepi: kwamba mtunzi au mjane wake hapati kitu. Ni kweli kwamba mara nyingi hapati, na ni dhuluma. Lakini chama cha kukusanya haki za watunzi, MCSK, kipo tangu mwaka 1983, na sheria ya hakimiliki ipo, na anayetakiwa kulipa anajulikana, maana ana baa yenye mlango na leseni. Deni hilo na lidaiwe kwa nguvu zote. Deni lisilolipwa halimfanyi mwimbaji kuwa mbaya, kama vile deni lililolipwa lisivyomfanya kuwa mwema. Na wanaoichanganya hesabu ya fedha na hesabu ya sanaa aghalabu hawaendi kudai hata hizo fedha.

Kuhusu rekodi za ukumbini, shutuma ni kwamba zina kelele, gitaa halikutiwa sauti sawasawa, na mwimbaji amekosea. Hapa nashangaa zaidi, kwa kuwa utungo mkubwa kuliko zote katika lugha ya Kikuyu ulikuwa wa ukumbini kwa asili yake. Gicandi ilisemwa na malenga wawili waliopambana mbele ya watu, kila mmoja na kibuyu chake chenye mbegu ndani na alama zilizochorwa ganda zima, wakitegeana mafumbo mpaka mmoja ashindwe na kupokonywa kibuyu chake. Haikuwa na matini yaliyokaa pahali yakisubiri kusomwa, na kila pambano lilizaa jingine. Padre wa Consolata, Vittorio Merlo Pick, alipoitoa kitabuni mwaka 1973 pamoja na vitendawili, alichoweza kukitoa ni maneno tu, bila mtikiso wa mbegu na bila vicheko vya waliozunguka. Hatumlaumu, tunamshukuru kwa alichokipata. Basi kwa mantiki gani tumshukuru padre kwa maneno yasiyo na sauti, kisha tuukatae mkanda wenye maneno na sauti na vicheko pamoja, kwa kisa kwamba kuna mtu anaagiza bia nyuma ya gitaa?

Studio, nayo, haikuwa mahali patakatifu. Saa yake ililipiwa, na santuri ilitaka dakika tatu. Wimbo uliokuwa ukichukua robo saa arusini ulinyolewa ukaingia. Wale wanaoamini kwamba rekodi ya studio ndiyo wimbo wenyewe na ya ukumbini ni kivuli chake wangalifanya vyema kukumbuka kwamba mwaka 1962 James Brown alitaka kurekodi onyesho lake katika ukumbi wa Apollo, mtaani Harlem, na mwenye kampuni yake, Syd Nathan, akakataa kugharimia kwa hoja hii hii tunayoisikia Nyeri, kwamba hakuna atakayenunua nyimbo alizokwisha kuwa nazo. Brown akalipa kwa fedha zake, na santuri ile, ilipotoka mwaka 1963, ikakaa zaidi ya mwaka katika orodha ya zinazouzwa sana Marekani. Kelele za wanawake wa Apollo zimo ndani yake tangu mwanzo mpaka mwisho, na mwenye kuzifuta angeifuta santuri.

Watasema pia kwamba mugithi wa usiku wa manane una matusi. Unayo. Sipendekezi kwamba ubeti kama huo upigwe asubuhi redioni, na mwenye kuhariri mkusanyo ana hiari ya kuuacha. Lakini kumkinga mtoto ni jambo la malezi, halithibitishi chochote juu ya thamani ya wimbo. Nami nimeona, na nalisema kwa heshima, kwamba wazee wanaoyalalamikia sana matusi hayo huyajua kwa mpangilio wake kamili.

Nimesema kwamba rai hii ni batili hata huko ilikozaliwa, na sharti nilipe deni la maneno hayo. Katika muziki wa roki wa Uingereza na Marekani, kundi la The Smiths la Manchester lilitoa mwaka 1984 Hatful of Hollow, mkusanyo wa rekodi zilizofanywa kwa haraka kwa ajili ya vipindi vya BBC pamoja na nyimbo za santuri ndogo, na wapenzi wao wengi huona kwamba nyimbo zile zimo humo katika hali bora kuliko katika albamu yao ya kwanza iliyogharimiwa vizuri. R.E.M. ya Georgia ilitoa Dead Letter Office mwaka 1987, imejaa nyimbo za upande wa pili na nyimbo za wenzao, wenyewe wakiifanyia mzaha kama jina lake linavyodokeza; na atakaye kujua wale vijana walijifunza kwa nani hana chuo kingine kama hicho. Na onyesho la Nirvana lililorekodiwa New York Novemba 1993, likatolewa mwaka uliofuata mwimbaji wake akiwa amekwisha kufa, ni la ukumbini kabisa, na nyimbo zake sita ni za watu wengine. Hapo ndipo penye hao waliotutungia kipimo. Wenyewe hawakukiheshimu, seuze sisi.

Lakini sitaki nidhaniwe kuwa nautetea kila mkanda wenye jina la mkusanyo. Upo ubaya halisi katika biashara hii, na wajuzi wetu, kwa kulaumu kisicho na lawama, wameuacha upite. Mkusanyo usiotaja mwaka wa wimbo, usiotaja nani alishika besi, unaoandika jina la wimbo kwa makosa na kumwita mwitikiaji "na wengine", huo ni utovu wa heshima, na maduka yetu yalijaa namna hiyo kabla flashi za matatu hazijauondoa hata mfuko wenyewe wa kuandikia jina. Tofauti yake iko wapi, huonekana katika kazi ya shirika la Ketebul ya mwaka 2010 kuhusu muziki wa Kikuyu, iliyotoa nyimbo pamoja na filamu na kijitabu, wanamuziki wenyewe wakieleza ni nini kilitendeka. Na kwa kiasi chake katika Kenya Special, iliyotolewa London na lebo ya Soundway mwaka 2013, ambamo bendi kama Mbiri Young Stars, ambayo vijana wa hapa hawakupata kuisikia, imepata pahali pake. Mkusanyo wenye maelezo ni kazi ya elimu. Usio na maelezo umeongeza giza juu ya giza.

Na hapa wananikabili kwa hoja yao ya mwisho, ambayo kwangu ndiyo nzito kuliko zote: kwamba mikusanyo hii hutolewa London na Berlin, kwa santuri nzito ambazo bei yake mkulima wa kahawa wa Othaya hawezi kuikaribia, na kwamba kwa hiyo ni starehe ya wageni wanaotafuta vitu adimu. Jambo ni kweli. Natija yake ndiyo siyo. Wageni wamefanya kwa sababu sisi, tulioambiwa kwamba ni makombo, tukasadiki, hatukufanya. Kaunti ya Nyeri ina maktaba, na ina Chuo Kikuu cha Dedan Kimathi, na Karatina ina chuo kikuu chake. Na katika kila mtaa kuna nyumba yenye sanduku la kaseti lililowekwa juu ya kabati, na baridi na mvua za masika zinautia ukungu mkanda, unga wake unabanduka, na kaseti ikitiwa kwenye mashine inalia mlio wa kukwaruza kisha inanyamaza. Kuzinakili hakuhitaji fedha za ajabu. Kunahitaji mashine nzuri chache, mtu mwenye subira ya kuandika nani anaimba na ni arusi ya mwaka gani, na idhini ya familia. Na watakaoianza kazi hiyo wasianze na santuri za viwandani, kwa kuwa hizo zilifyatuliwa nyingi na nakala huenda ikapatikana Kenyatta Market au hata Berlin. Waanze na zile za ukumbini, za arusi na za baa, zenye kelele na zenye nyimbo za watu, kwa maana mkanda ulionasa usiku mmoja wa Karatina haukuwahi kuwa na nakala ya pili.